Zombi ni ya nani, na anaweza kuishi Kondele?

Swali limetoka kwa dada mmoja wa Nyalenda, Kisumu. Anachora komiki yake ya kwanza, mazombi wanavamia Kondele, mtaa wa hapa Kisumu, usiku stima ikiwa imepotea, na virusi vimetoka ziwani pale kwa magugu maji. Sasa marafiki wamemchanganya. Mmoja anamwambia zombi ni kitu ya wazungu haina biashara na Kisumu, mwingine anamtisha ati makampuni ya Marekani yatamshtaki, na yeye mwenyewe hajui kama awafanye wakimbie ama watembee pole pole. Ameuliza yote kwa pumzi moja. Mimi nafundisha vijana kuchora komiki hapa hapa Kisumu na hili jambo la zombi halinichoshi, kwa hivyo jitayarishe, jibu ni refu.

Dadangu, hiyo ya wazungu tuanze nayo kwa sababu imebeba hizo zingine zote. Zombi alianza akiwa mtu mweusi ndani ya shamba la miwa. Haiti ikiwa koloni ya Ufaransa ilikuwa inaitwa Saint-Domingue, na kufikia 1789 kulikuwa na watumwa karibu nusu milioni pale, wengi wamezaliwa huku kwetu Afrika, wametolewa Kongo na Afrika Magharibi, na kazi ya miwa ilikuwa inawamaliza haraka kuliko watoto walivyokuwa wanazaliwa, kwa hivyo meli hazikuisha kuleta wengine. Hao watu walikuwa wanaamini ukifa roho inarudi Ginen, yaani nyumbani Afrika. Kufa ndio ilikuwa ruhusa ya pekee ya kutoka kazini. Sasa fikiria kitu gani inaweza kumtisha mtu kama huyo. Ni bokor, mganga wa upande mbaya, akutoe kaburini kabla hujafika nyumbani, akuamshe bila akili yako, akurudishe shambani ukate miwa bila mshahara na bila siku ya kustaafu. Zombi wa Haiti haumi mtu, haambukizi mtu, ubongo wa mtu hana haja nao. Anafanya kazi tu. Mwenye kuogopwa ni yule anayemtuma.

Watumwa waliamka 1791, uhuru ukaja 1804, lakini hiyo hofu ilibaki vijijini. Halafu Wamarekani wakaivamia Haiti 1915 na wakakaa hadi 1934, na ndani ya hiyo miaka wakarudisha kazi ya lazima ya kutengeneza barabara, na sukari ikawa biashara ya makampuni makubwa. Ni wakati huo Mmarekani mmoja anaitwa William Seabrook akatoa kitabu, 1929, The Magic Island, na ndani yake kuna stori moja ambayo kama unataka kuchora zombi lazima uijue.

Kampuni ya sukari inatafuta vibarua wa kukata miwa. Anatokea mzee mmoja na mstari wa watu wamevaa matambara, macho hayaoni kitu, anasema hawa ni watu wa milimani hawaelewi lugha ya huku chini, anawaandikisha, wanakata miwa kuliko mtu yeyote, na siku ya malipo pesa yote anaweka mfukoni yeye. Jioni bibi yake anawapikia chakula bila chumvi kabisa, kwa sababu zombi akionja chumvi anajua amekufa. Siku ya sikukuu huyo mama anawahurumia, anawapeleka mjini nao waone watu, na kwa huruma ile ile anawanunulia peremende za sukari zenye njugu ndani. Hajui njugu zilitiwa chumvi kabla ya kuchanganywa. Wanatafuna. Wanatoa mlio mmoja wa kutisha, wanainuka, wanageukia milima yao na kuanza kutembea, hakuna mtu anathubutu kuwazuia, hadi kijijini kwao, ndugu zao wanawatambua wanawaita kwa majina lakini wao hawasimami, kila mmoja anaenda kwa kaburi lake anaanza kuparura udongo, na wakiugusa tu wanaanguka wameoza. Njugu za chumvi! Hizi tu za kufungwa kwa karatasi pale stendi. Seabrook mwenyewe alikuwa mtu wa kutia chumvi, alikuwa anawauzia wasomaji wa Marekani kiu yao ya uchawi wa watu weusi, kwa hivyo msome ukijua hivyo, lakini hiyo stori ya njugu siwezi kuitupa.

Miaka mitatu baadaye, 1932, ikatoka muvi ya kwanza ndefu ya zombi, White Zombie, na mwigizaji Bela Lugosi ndio bwana wa mazombi. Muvi yenyewe nusu yake inalala, nikwambie ukweli, lakini tafuta ile sehemu ya kiwanda cha miwa. Watu wanazunguka na vikapu kichwani, wengine wanasukuma lile gurudumu kubwa la kusagia, hakuna muziki, unaskia tu mbao zikilia, na mmoja anajikwaa anaanguka ndani ya mashine na wale wengine hawageuki hata kuangalia, mashine inaendelea kusaga. Hiyo ilichorwa na hofu ya Haiti ingawa waliotengeneza muvi walikuwa wanataka tu pesa ya tiketi.

Sasa wewe uko Nyalenda. Ukipanda matatu upite Kondele, upite Mamboleo, ushike ile barabara ya Chemelil, utafika Miwani, mahali pamewekwa kiwanda cha sukari cha kwanza cha Kenya, 1922, yaani wakati ule ule Wamarekani wako Haiti. Mitambo ilizimika miaka mingi iliyopita. Miwa bado iko, inapita matrekta yamejaa yakiangusha vijiti barabarani na watoto wanaokota. Halafu mtu akwambie zombi haina biashara na Kisumu? Huyo rafiki yako hajafika Miwani.

Na si huku tu. Kule Kamerun kwa Wabakweri, wakati wa mashamba makubwa ya wakoloni, watu walikuwa wanasema kuna matajiri wanaua jamaa zao kwa uchawi unaitwa nyongo na kuwapeleka wafanye kazi kwa mashamba yasiyoonekana huko Mlima Kupe, na mtu akijenga nyumba ya mabati wenzake wanaanza kumuangalia vibaya, hiyo bati imetoka wapi. Tanzania wana msukule, mnajua nyote, mtu anazikwa halafu anaonekana analima shamba la mtu usiku. Ukiangalia vizuri ni stori moja inatembea, kila mahali ambapo kuna mtu anatajirika na hakuna anayeelewa nani anafanya kazi yake. Fela Kuti naye alipoimba Zombie, albamu ya 1976, alikuwa anawasema wanajeshi wa Nigeria, mtu haendi mpaka aambiwe nenda, hafikirii mpaka aambiwe fikiria. Wanajeshi walielewa vizuri sana, Februari 1977 wakaenda wakachoma nyumba yake Lagos. Hapo hakuna mtu aliumwa shingo hata mmoja, na bado ni zombi kamili.

Sisi wenyewe huku magharibi tuna jajuok, mkimbiaji wa usiku, lakini huyo usimchanganye na zombi tafadhali, nimeona watu wakifanya hivyo. Jajuok ako hai, mchana anaweza kuwa jirani yako mstaarabu kabisa, usiku ndio anarusha mawe kwa mabati na kugonga milango. Huyo ana raha zake. Zombi hana raha.

Ya kushtakiwa sasa. Hapa pana kisa kitamu.

Yule zombi mla watu, unayemjua wewe, ana tarehe ya kuzaliwa: Oktoba 1968, Pittsburgh, muvi ya George Romero inaitwa Night of the Living Dead. Romero alikuwa na miaka 28, pesa ilikuwa kama dola 114,000, picha nyeusi na nyeupe kwa sababu ndio walimudu. Ndani ya muvi hakuna mahali wanasema zombi. Romero alikuwa amechota kutoka kwa riwaya ya Richard Matheson ya 1954 yenye mtu mmoja amebaki duniani amezungukwa na wanyonya damu, akatoa kunyonya damu akaweka kula nyama, na bwana wa kuwatuma akaondolewa kabisa. Hakuna bokor. Kuna njaa tu. Watazamaji ndio waliwaita zombi na jina likashika.

Muvi ilikuwa iitwe Night of the Flesh Eaters. Msambazaji akabadilisha jina dakika za mwisho, na ile kadi ya jina ndio ilikuwa na alama ya hakimiliki, kwa hivyo walipoitoa waweke nyingine wakasahau kurudisha alama. Sheria ya Marekani wakati huo ilikuwa kali, bila alama hauna kitu. Muvi ikawa ya umma siku ile ile ilipotoka, kila mtu akaionyesha, kila mtu akaiuza, na kila mtu akachukua lile zombi lake: linatembea pole, linakula watu, ukiumwa unakuwa mmoja wao, ulipige kichwani. Romero alipoteza pesa nyingi sana hapo, lakini ndio sababu wewe leo unaweza kuchora bila kumuomba mtu.

Neno lenyewe? Kampuni ya Marvel ilijaribu. Miaka ya 70 walisajili neno la zombi kama alama yao ya biashara kwa vitabu vya komiki, na wakakaa nalo mpaka miaka ya 90 wakaachana nalo, maana ungewezaje kulilinda kila mtu akilitumia. Walichobaki nacho ni Marvel Zombies, kwa hivyo hilo jina usiguse. Na kwa sheria yetu ya hakimiliki ya Kenya pia, kinacholindwa ni kile mtu amechora na ameandika, wazo likiwa kichwani ni la kila mtu. Usichore Rick Grimes wa komiki ya The Walking Dead na kofia yake ya polisi, usichukue Michonne wa humo humo na upanga wake, usikopi jalada la mtu, usiandike jina lako kwa herufi zinazofanana na za The Walking Dead ukidhani ni ujanja. Zaidi ya hapo lala usingizi. Ukimaliza komiki yako isajili KECOBO, ile bodi ya hakimiliki ya Kenya, kwa sababu wizi unaoweza kukupata utatoka kwa mtu wa karibu zaidi kuliko Marekani.

Hii inayofuata hukuuliza, lakini wewe ni mchoraji na ni lazima ujue komiki za zombi zilikaa jela. Mwanzo wa miaka ya 50 kampuni ya EC pale New York ilikuwa inatoa komiki za kutisha kama Tales from the Crypt, na zombi wao alikuwa wa aina nyingine tena, wala hakuwa kibarua wala mla watu. Alikuwa mdai. Umemuua mwenzako ili urithi duka, umemzika, usiku anarudi ameoza anatembea matope hadi mlangoni kwako kuchukua deni lake. Mtu wa huku anaelewa hiyo mara moja, Mjaluo anaijua kwa jina la chien, marehemu aliyedhulumiwa hakuachi ulale.

Aprili 1954 mwenye EC, William Gaines, akakaa mbele ya kamati ya seneti ya Marekani iliyokuwa inachunguza komiki. Seneta Estes Kefauver akainua jalada moja, mtu ameshika shoka mkono mmoja, mkono mwingine ameshika kichwa cha mwanamke kwa nywele, akamuuliza hii ni kitu ya heshima? Gaines akajibu ndio, kwa komiki ya kutisha, na akaongeza kwamba kingekuwa kibaya kama kichwa kingeinuliwa juu zaidi mtu aone damu ikidondoka shingoni. Bwana! Hapo ndipo alijimaliza. Mwaka huo huo wachapishaji wenyewe wakaogopa, wakaandika kanuni inaitwa Comics Code, na kanuni ikataja kabisa kwamba wafu wanaotembea ni marufuku, na kitabu bila muhuri wao wauzaji wengi hawakibebi.

1971 wakalegeza kidogo, wanyonya damu wakaruhusiwa, mbwa mwitu watu wakaruhusiwa, kwa sababu ati hao wametoka kwa vitabu vya heshima vya Ulaya. Zombi hakuruhusiwa maana hakuwa na kitabu kikubwa nyuma yake. Wewe ona hiyo: mnyonya damu wa ngome ya Ulaya ana karatasi zake, kibarua wa miwa wa Haiti hana. Marvel wakazunguka kwa kubadilisha jina, wakawaita "zuvembie", nakwambia ukweli, wafu wale wale wanaotembea, jina tofauti, muhuri ukapigwa.

Ndio maana hesabu ya komiki za zombi unazozijua inaanza kama upya Oktoba 2003, The Walking Dead, mwandishi Robert Kirkman, mchoraji Tony Moore kwa matoleo 6 ya kwanza halafu Charlie Adlard hadi mwisho, toleo la 193, Julai 2019. Kirkman alidanganya wachapishaji kwamba baadaye itajulikana mazombi wametumwa na viumbe wa sayari nyingine, kwa sababu walikuwa wanaona zombi peke yake haiuzi. Hakukuwa na viumbe wowote. Toleo la kwanza lisome pole pole kwa jicho la mchoraji: Rick anapata baiskeli imelala kando ya barabara, anaiinua, na kando yake kwa nyasi kuna mwanamke ameoza bado anajaribu kupumua. Rick anachukua baiskeli analia anaenda zake. Mwisho wa toleo, ameshapata bunduki na chakula na angeweza kwenda, anarudi pale pale kwa nyasi kummaliza, kwa kumhurumia. Kurasa chache, maneno karibu hakuna, na ushamjua huyo mtu ni nani. Na yote ni nyeusi na nyeupe, ambayo kwako ni habari njema sana kwa sababu fotokopi ndio kiwanda chetu cha uchapishaji.

Haya, ploti yako. Nitakuwa mkali kidogo usinikasirikie. Virusi vitoe. Zombi wa virusi anaonekana kama ndio asili lakini ni mtoto wa juzi, ameingia sana na gemu ya Resident Evil 1996 na muvi ya 28 Days Later 2002, na tangu hapo kila mtu anatumia, Wakorea wametumia wakaimaliza vizuri kuliko wote. Sisi wasomaji wako tumetoka kwa korona juzi, kafyu na barakoa na sanitaiza, ukituonyesha mtu anakohoa kwa ukurasa wa kwanza tunajua ukurasa wa kumi. Magugu maji yaache, hayo ni mazuri, mtu wa Kisumu akiona ziwa limefunikwa kijani hadi boti haiwezi kutoka Dunga anaogopa bila kuambiwa, lakini yasiwe chanzo cha ugonjwa, yawe tu mahali ambapo kitu kinaweza kupita chini na usikione.

Ningekuwa wewe ningeuliza swali la Haiti: nani anawatuma, na wanamfanyia kazi gani? Kondele usiku ina mikono mingi, mikokoteni, magunia yanashushwa, makaa, vyuma kuukuu, mtu analala chini ya meza ya nguo zake. Katikati ya hao wote mchore mmoja ambaye hapumziki. Hajanunua chai. Jirani yake anajua alimzika Aprili. Na kuna mzee mmoja anakuja jioni kukusanya pesa, amevaa vizuri, anasalimia watu wote kwa heshima, ana nyumba mpya barabara ya Mamboleo. Hapo dadangu una komiki, na hakuna damu hata tone na mimi tayari sitaki kupita hiyo njia usiku. Na ile njugu ya chumvi usiniambie hujaiona, mtoto anauza njugu anazunguka na ndoo yake hajui ana nini mkononi. Ukitaka waume watu waume, komiki ni yako, ila kula watu kumechorwa na watu elfu wenye karatasi nzuri kuliko zako, na zombi kibarua karibu hakuna anayemchora siku hizi.

Kukimbia ama kutembea: kwa muvi hilo ni swali kubwa, mazombi walianza kukimbia kitambo, wale wa Return of the Living Dead ya 1985 tayari wanakimbia na ndio hao hao walileta hiyo ya kulilia ubongo. Kwa komiki hakuna anayekimbia. Picha imesimama. Ukichora zombi mguu juu na mistari ya upepo nyuma yake anaonekana kama mtu anawahi matatu. Kinachotisha kwa karatasi ni umbali kupungua: boksi la kwanza ako mbali kwa kona ya duka, la pili kona ni ile ile na ako karibu kidogo, mkao haujabadilika, la tatu hayuko, na hapo ndio msomaji anafunua ukurasa. Kwa hivyo panga kurasa zako ujue ni ipi inaangukia kulia, maana kitu cha kutisha unakiweka kushoto juu baada ya kufunua, ukikiweka kulia jicho litakiona mapema na kazi yote imeharibika. Chora kurasa nane kwanza, zikunje ziwe kitabu, mpe mtu asome mbele yako bila wewe kuongea, na uangalie mkono wake unasimama wapi kabla ya kufunua.